Paa Linalotaka Mkono

Mvumilivu hula mbovu. Nasema hivyo kwa sababu kazi yangu ni kusubiri vitu vioze.

Uwanja wa Jua uko kwenye tambarare kavu chini ya milima ya Upare, mahali ambapo mbuzi hutafuta kivuli kwanza, majani baadaye. Tumesimamisha chanja safu kwa safu, zote zimeinamishwa kidogo kuelekea kaskazini ili jua la mchana lizikute uso kwa uso. Juu yake tumeanika kila kitu ambacho si chuma: kamba, ndoo, mabomba ya plastiki, soli za viatu, gundi, turubai, vibao vilivyopakwa rangi za nyumba. Kiwanda kikitengeneza kitu cha kukaa nje, kinatuletea kabla ya kukiuza. Tunakiacha kiungue, kinyeshewe, kipigwe vumbi, kilowe umande, kikauke tena. Kila sampuli ina pacha wake aliyefungiwa kwenye kontena la giza. Siku ya hukumu tunawaweka pamoja, wa nje na wa ndani, na yule wa ndani anatuonyesha mwenzake amezeeka kiasi gani.

Watu wa mjini wana neno moja: kuharibika. Sisi hatuna uvivu huo. Rangi huchujuka, plastiki hupauka, mpira hukakamaa, gundi huachia, ubao uliopakwa hubabuka, turubai humeguka. Nilisomea stashahada kuzijua tofauti hizo, na nitagombana na yeyote anayezichanganya.

Mimi ni Nakiete Senkondo. Muhuri wa uwanja ninaushika mimi.

"Shikamoo, bomba!"

Huyo alikuwa Mbonea, msaidizi wangu, mwanamume mwenye sauti ya dalali wa mnadani. Kila asubuhi tunaanza kazi kwa salamu. Sampuli zilizotutangulia uwanjani tunaziamkia. Zilizokuja nyuma yetu zinatuamkia sisi, na kwa kuwa hazina mdomo, Mbonea huzisemea kwa sauti nyembamba, kisha anajijibu kwa sauti nene: "Marahaba, mwanangu. Jana jua limekufanyaje?" Na huku tunasalimia, tunapitisha kiganja kwenye uso wa kila moja. Kitu kikianza kufa kwa jua, hutoa unga mweupe kama chaki, na kiganja huuhisi kabla jicho halijauona. Kanuni inataka tuguse kwa kitambaa cheusi, na siku za vipimo tunakitumia. Lakini salamu ni salamu. Nani amewahi kumsalimia mtu kwa kitambaa?

Asubuhi hiyo tulisalimia kwa mbwembwe zaidi, maana mgeni alikuwa njiani.

Gari lake lilikuja bila dereva, likasimama getini, likawapigia honi mbuzi, likangoja wapite. Mlango ukafunguka na Mhandisi Elirehema Lyatuu akashuka na suti ya kitani, amekumbatia bango lililokunjwa.

"Wapare!" akaita. "Bado mko hai?"

"Tuko hai, mtani," nikamjibu. "Umekuja kulinunua jua letu?"

"Nani anunue jua lenye kesi mahakamani? Nitauziwa na kaka, nishtakiwe na mjomba."

"Afadhali kesi kuliko wewe. Mchaga akiona jua anauliza linafungwa kwenye mifuko ya kilo ngapi."

Tukacheka, tukashikana mikono. Lyatuu alikuwa mbunifu wa Fumbato, na mimi nilimpenda kwa hilo hata kabla sijampenda kwa jingine lolote.

Fumbato ni kibao cha kuezekea, kinapikwa kutokana na makapi ya mkonge. Ndani yake zimo nyuzi hai, nyembamba kuliko unywele, zilizolala kama mbegu. Ufa ukianza, nyuzi zinaamka, zinaufuata ufa, zinaushona kutoka ndani. Ukikikwaruza kibao kwa msumari asubuhi, jioni huoni kovu. Na jua la siku hizi linahitaji kitu cha namna hiyo. Hili si jua la bibi zetu. Turubai linalotundikwa mwanzo wa kiangazi haliioni masika likiwa zima, na mabati yamekuwa vito, watu wanayarithishana.

Tulimtoa pacha wa Fumbato gizani, tukamlaza kando ya ndugu yake wa juani. Nikapima mng'aro, nikapima rangi, nikakunja kipande cha huyu na kipande cha yule mpaka vikalia. Miaka mitatu ya jua hili, na nilishindwa kusema yupi alikaa nje.

"Sema kitu," Lyatuu akanong'ona.

"Nasema sijawahi kuona kitu kama hiki," nikasema, na nikajikuta nacheka kama mtoto aliyepewa embe.

Nje ya uzio vigelegele vikapasuka. Walikuwa wamesimama huko tangu asubuhi, wanawake kwa wanaume, wakituchungulia kupitia matundu ya wavu. Ni watu wa pwani. Bahari ilipopanda ikala mtaa wao, kisha msikiti wao, kisha shule, serikali iliwapandisha mabasi ikawaleta kwetu bara, ikawapa kiwanja jirani na uwanja wetu. Wanaishi chini ya turubai zilezile nilizozikataa mimi mwenyewe. Mtu fulani alizinunua hata hivyo. Mwenyekiti wao, Bi Mwanapili, mama mnene mwenye macho ya kucheka, akapiga kelele: "Mwanangu Nakiete! Tuanze kukunja turubai?"

"Subirini muhuri!" Lyatuu akamjibu kabla yangu, mikono juu kama mshindi wa mbio.

Akamkabidhi Mbonea lile bango la kuitangaza Fumbato. "Lipandishe juu ya mlingoti wa upepo, walione hata wa barabarani."

Mbonea akavua viatu, akapanda. Mlingoti ule hatuupandi sana. Kileleni kuna kipima upepo, na chini yake kibao kimoja cha Fumbato, kilichofungwa huko kwa ombi la ushirika wa Lyatuu wenyewe, waone upepo mkali unakifanyaje.

Akafika juu. Akanyamaza. Mbonea hanyamazi.

"Dada Nakiete," akaita. "Huyu wa huku juu anaumwa."

*

Tulikilaza kwenye meza ya vipimo. Unga ulinipanda mpaka kwenye viwiko. Nyufa zilikwenda kila upande, kama udongo wa bwawa lililokauka, na nilipokibonyeza pembeni kikameguka vipande viwili bila kelele.

"Ndege," Lyatuu akasema haraka. "Kinyesi cha ndege kina tindikali."

"Hakuna kinyesi."

"Basi upepo."

"Upepo haupaushi kitu, mtani. Hiki kimepaushwa na jua. Jua lilelile lililowaka chanjani."

"Basi nyuzi za kibao hiki zilikufa kiwandani."

Nilikuwa nimerudi kwenye chanja, nikainamisha kichwa mpaka jicho langu likawa sawa na uso wa kibao kilichotufurahisha asubuhi. Ukikitazama kwa juu kinang'aa chote. Ukikitazama kwa ubavu, mwanga ukikiteleza, unaona kitu kingine. Katikati palikuwa laini kama kigae. Kwenye ukingo wa juu kabisa, mahali ambapo mkono hauna haja ya kufika, palikuwa na ukanda mwembamba wa kijivu. Nikaugusa kwa kidole. Unga. Na mpaka kati ya kijivu na mng'aro haukunyooka. Ulipinda, ukapinda tena, kama vilima vidogo vinne vilivyopangwa bega kwa bega.

Nikaweka kiganja changu pale. Vidole vikaingia kwenye vilima.

"Mbonea," nikasema, "njoo uweke mkono wako."

Akauweka. Ukaenea vizuri zaidi, maana mkono wake ndio mkubwa. Akanitazama, akatazama kibao, kisha akasema polepole, "Kumbe alikuwa ananiitikia kweli."

Hatukutaka kuamini kwa macho tu. Tulikichukua kile kipande kigonjwa cha mlingotini, tukakigawa kwa mstari wa kalamu. Mbonea akakaa akakisugua nusu moja kwa kiganja kitupu huku tunakula makande, akisimama kufuta jasho la shingo na kurudi kusugua. Nusu nyingine hatukuigusa. Lyatuu alikataa kula. Alikuwa anazunguka meza ile na suti yake ya kitani, kama baba mwenye mke aliye leba.

Jua lilipoinama, nusu iliyosuguliwa ilikuwa imefumba nyufa zake ndogo zote, na zile kubwa zilikuwa zinavutana kama midomo inayotaka kusema. Nusu ya pili ilibaki kama ilivyokuwa.

Lyatuu akaketi hatimaye, juu ya ndoo.

"Chumvi," akasema. "Chumvi ya jasho, na mafuta ya ngozi, na vijidudu vinavyoishi kwenye ngozi. Nyuzi zinalala mpaka zipate chakula. Tulidhani ufa ndio unaoziamsha." Akajishika kichwa. "Kule maabara tulikuwa tunavishika vibao kutwa nzima. Mgeni akija tunampa akishike, anampa mwenzake, mwenzake anampa waziri. Hatukuwahi kuwa na kibao ambacho hakijashikwa. Na nyinyi..."

"Na sisi tunavisalimia."

"Nani anasalimia plastiki, Nakiete?"

"Watu wenye adabu," akasema Mbonea.

Lyatuu alicheka, na kicheko kikamfia katikati.

*

Nieleze hapa jambo la kazi yetu, maana bila hilo hamtaona kwa nini jioni ile ilikuwa nzito.

Muhuri wangu hausemi kitu ni kizuri. Unasema kitu kimedumu, mahali fulani, muda fulani, juani na mvuani. Ni hivyo tu. Anayesoma ndiye anayeongeza mengine: kimedumu kwa Nakiete, basi kitadumu kwangu. Anaongeza hivyo kwa sababu anaamini kwamba nilichokifanyia kitu uwanjani ndicho dunia itakachokifanyia. Na dunia haiamkii mapaa. Hakuna anayepanda juu ya nyumba kila asubuhi kukipapasa kigae.

"Andika yaliyo kweli," Lyatuu akaniambia. Sauti yake haikuwa ya hila, na hilo ndilo lililoniumiza. "Andika kwamba sampuli za chanjani zimedumu. Je, hazikudumu?"

"Zimedumu."

"Basi si uongo."

"Kila neno ni la kweli," nikasema, "na yote kwa pamoja ni uongo."

"Nisikilize. Masika hayako mbali. Wale watu," akaelekeza kidole kwenye uzio, "turubai zao zinapitisha nyota. Ukiniwekea muhuri, malori yanaondoka kiwandani kesho. Watapata paa, na paa litakaa, hata lisiposhikwa litakaa mwaka, labda miwili. Kabla halijafa nitakuwa nimepata dawa yake. Ukininyima, mkataba wa kuwaezekea unarudi mezani, na mezani wanakaa watu ambao hawajawahi kunyeshewa. Watabishana mpaka masika yaje, yapite, yaje tena."

"Na kama hukupata dawa?"

Akajikung'uta unga kwenye suti.

"Na kama ulipata, ukakuta ushirika umefilisika, au umehamishwa, au umekufa? Nani atawaambia walio chini yake?"

"Nitawaambia mimi."

"Lini?"

"Wakati ukifika."

Nikasimama. Mtani wangu hakuwa mwovu. Alitaka watu wale wasilowe, na mimi nilitaka wasiangukiwe, na wote wawili tulikuwa tumekaa juu ya ndoo tukiamua habari za vichwa vya watu waliokuwa umbali wa kutupiana salamu. Hilo ndilo lililonikera. Nikisema ndiyo, nimewaamulia. Nikisema hapana, nimewaamulia vilevile. Katika njia zote mbili wao wangeamka siku moja wakute mvua, au vipande vya paa, na wasijue ilikujaje.

Kanuni ya uwanja ni fupi: matokeo ni siri ya mleta sampuli mpaka Mamlaka inayotusimamia iyatangaze. Ninaijua kwa moyo. Huwa ninawafundisha wageni.

Nikachukua kile kibao chenye nusu mbili, nikakiweka kwapani.

"Unakwenda wapi na mali ya ushirika?" Lyatuu akauliza.

"Kuwauliza wenye vichwa."

*

Nilimkuta Bi Mwanapili ameketi mkekani anashona turubai kwa uzi wa nailoni. Akitoboa tundu moja, turubai linachanika mawili.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Keti. Muhuri umekauka?"

"Sijaupiga."

Sindano ikasimama. Watu wakaanza kusogea, mmoja mmoja, wakijifanya wanapita. Nikawawekea kibao katikati ya mkeka na nikawaeleza kila kitu, kwa maneno ya kawaida, kuanzia salamu zetu hadi vilima vya vidole. Nikawaonyesha nusu iliyosuguliwa na nusu iliyoachwa. Wakakigusa wote. Kikazunguka mikononi mwao, na nikajua kwamba hata hilo lilikuwa linakinywesha.

Kisha mwanamke mmoja nyuma akasema, "Ati nini? Paa linataka kubembelezwa?"

"Ndiyo, dada."

"Mwana we! Mume nimekaa naye ujana wangu wote sijui kumbembeleza, leo nianze na paa?"

"Heri uanze na paa," mume mwenyewe akajibu kutoka kwenye kundi. Wanamwita Baba Hiari, mtu mwembamba kama ufagio. "Utapata mazoezi."

Kicheko kikavunja kambi. Lakini Bi Mwanapili hakucheka. Alikuwa ananitazama.

"Na lisiposhikwa?"

"Linakufa, mama. Kwanza polepole, bila mtu kuona. Halafu kwa siku moja, mvua ikiwa juu yake."

"Na aliye chini yake?"

Nikatazama zile nyufa za nusu iliyoachwa.

"Haya. Nimesikia." Akachomeka sindano kwenye turubai. "Na yule kijana wenu wa suti alitaka usituambie?"

"Alitaka mpate paa."

"Mimi pia nataka paa. Wewe unataka nini?"

"Nataka msije mkawa sampuli bila kujua. Kuezekea kibao hiki ni jaribio. Sijui kitadumu vipi juu ya nyumba. Hakuna anayejua. Nikikipa muhuri, nitakuwa nimewaanika nyinyi."

Hapo ndipo alipocheka, cheko la chini, la tumboni.

"Mwanangu, sisi tumekwisha anikwa. Bahari ilitufanyia jaribio, haikuuliza mtu. Walionunua haya," akalipiga turubai, likatoa unga, "walitufanyia jaribio, hawakuuliza mtu. Leo ni mara ya kwanza mpimaji anakuja na kibao mkononi anasema hodi." Akawageukia wenzake. "Mnasemaje, jamani? Tukilitunza, litatutunza. Tukilisahau, litatuua. Nani anataka?"

Haikuwa ndiyo ya wote. Mzee mmoja alisema hatalala chini ya kitu kinachonuna, akasimama akaondoka, na familia mbili zikamfuata. Niliwaheshimu kwa hilo. Waliobaki wakaanza kubishana, na mabishano ya watu wa pwani ni kazi ya ufundi.

"Paa liko juu, mkono uko chini. Tutafikaje?"

"Lishushwe. Nani kasema paa lazima likae juu? Lishuke mpaka usawa wa bega, kila anayetoka asubuhi aliguse."

"Na huko kileleni?"

"Ngazi."

"Nipande ngazi kila siku na magoti haya? Mfunge fulana kwenye mti mrefu. Fulana ya mtu aliyeshinda na jembe. Hilo jasho si chumvi? Si mafuta?"

Wote wakanigeukia.

"Sijapima," nikasema.

"Basi pima! Si ndiyo kazi yako?"

Baba Hiari alishavua fulana yake. Mkewe akaziba pua kwa kanga, akatangaza kwamba kama ni uchafu wa jasho unaotafutwa, basi paa lao litaishi kuliko kaburi. Tuliifunga fulana kwenye mti wa kufungia turubai, tukaipitisha juu ya nusu gonjwa, tukaipitisha tena, na kesho yake mchana nikakuta nyufa ndogo zimefumba. Si kama kwa mkono. Lakini zilifumba.

Nikarudi uwanjani. Lyatuu alikuwa bado pale, suti imekunjamana. Nikampa nilichokiandika, nikakipiga muhuri mbele yake: *Hudumu ikishikwa na watu. Isiposhikwa hufa. Watakaolala chini yake wameambiwa.*

"Hakuna muhuri wa namna hiyo," akasema.

"Sasa upo."

*

Malori yalikuja hata kwa muhuri huo, kwa ajili ya waliokubali. Nyumba zilijengwa fupi, mapaa yameshuka kama kofia zilizovutwa mpaka masikioni, na Uwanja wa Jua ukapata jirani wa ajabu: kila asubuhi, Mbonea akianza kelele zake upande huu wa uzio, upande wa pili karibu kambi nzima inatoka nje na kupapasa mapaa. Wengine wanayasalimia. Wengine wanayatukana kwa jina la mawifi zao. Jasho halichagui maneno. Masika yakaja kwa hasira yake yote, na chini ya mapaa yale watu walipika, walilala, waligombana, wakavu.

Ila nyumba moja. Ushirika ulijenga nyumba ya wageni wa heshima, nzuri kuliko zote, na kwa kuwa ilikuwa ya heshima iliwekewa uzio, mtu asiiguse. Ilipata wageni wake katikati ya mvua za masika ya pili. Wakuu walikimbia nje na mabegi vichwani huku kipande cha paa kikielea sebuleni. Hakuna aliyeumia, ila kambi ilicheka mpaka ikaugua mbavu.

Habari zile zikasafiri. Waliokuwa wameagiza Fumbato miji mingine wakaanza kuuliza maswali, na wengi wakaghairi. Ndipo Mamlaka walipokuja uwanjani.

Waliketi chini ya mwavuli mkubwa karibu na chanja, watatu, mwenyekiti wao akiwa Bi Kokugonza, mama mwenye sauti ya taratibu na miwani minene. Lyatuu aliketi pembeni. Amekonda.

"Bi Senkondo," mwenyekiti akaanza, "hatuna ugomvi na vipimo vyako. Tumevirudia. Ni sahihi. Kosa lako ni kuyatoa matokeo kabla hayajatangazwa. Ushirika umepoteza wateja. Unakubali kwamba uliyatoa?"

"Nakubali, mheshimiwa. Niliyapeleka kwa miguu."

Mmoja wao akaficha tabasamu.

"Bwana Lyatuu, una neno?"

Lyatuu alisimama. Hakunitania. "Ungeningoja, Nakiete," akasema. "Ungeningoja usiku mmoja tu, nipate pumzi. Huenda asubuhi ningekwenda na wewe. Hukunipa nafasi ya kuwa mtu mwema."

Hilo lilinipata. Sitasema halikunipata. Nilimtazama yule aliyekaa juu ya ndoo akakataa makande, na nikaamini kwamba huenda ni kweli, asubuhi angekwenda. Huenda pia asubuhi simu ingelia kutoka kiwandani, na malori yangekuwa yamekwisha washwa. Sikuwa na njia ya kulipima hilo, na watu wa pale kambini hawakuwa na usiku wa kutukopesha ili mimi na mtani wangu tujue sisi ni watu wa namna gani.

"Huenda," nikamwambia. "Na nakuheshimu kwa kulisema."

Bi Kokugonza akasogeza karatasi mbele yangu. "Ni mistari miwili. Unauomba radhi ushirika kwa kusema kabla ya wakati. Ukiweka sahihi, unabaki na kazi yako na muhuri wako, na jambo hili linakwisha leo hii. Watu wanakupenda hapa. Sisi pia tunakuhitaji. Ni neno dogo tu, binti yangu."

Nikaisoma karatasi mpaka mwisho. Ilikuwa imeandikwa vizuri, kwa Kiswahili safi, kila neno mahali pake. Nikairudisha kwake kwa mikono miwili, kama ninavyompa mkubwa kitu.

"Muhuri mkiutaka, chukueni, mama," nikasema. "Radhi siombi."